Uso wa Kuazima

Mama anawaambia majirani kwamba natengeneza televisheni. Nimemweleza mara nyingi kuwa nashughulika na picha zinazoonekana humo ndani, si lile sanduku lenyewe, lakini ameshikilia hapohapo, na matokeo yake kila nikienda kumsalimia nakuta televisheni mbovu ya mtu imewekwa sebuleni inanisubiri. Dada alikuwa akicheka mpaka anashika mbavu. Yeye mwenyewe aliniita Profesa wa Chunusi tangu kazi yangu ya kwanza, nilipokuwa nafuta vipele kwenye nyuso za watu wa matangazo.

Siku hizi nafanya filamu za makala, zile za watu wa kweli na mambo yaliyotokea kweli. Watu hudhani filamu za namna hiyo hazina haja na mtu kama mimi, kwa kuwa mimi ni fundi wa kubadilisha picha na ukweli haubadilishwi. Wangejua. Nafuta nyaya za vipaza sauti zinazochungulia shingoni mwa watu, nafuta namba za magari, nafuta majina yaliyoandikwa milangoni ili mtu asifuatwe nyumbani kwake. Nikiifanya kazi vizuri hakuna anayejua nimefanya kitu. Ni kazi ya mtu asiyependa sifa, na mimi sifa nazipenda, kwa hiyo huwa nanung'unika sana.

Filamu ninayoisimulia ilihusu kiwanda cha kuyeyusha betri kuukuu za magari. Mwanamke mmoja aliyewahi kufanya kazi humo alikubali kueleza habari za mtoto wake, kitinda mimba. Kila jioni mtoto alikuwa akimkimbilia mlangoni na kumkumbatia kabla hajavua nguo za kazi. Zile nguo zilijaa vumbi la madini ya risasi. Vumbi likamwingia mtoto kidogo kidogo, kumbatio kwa kumbatio, mpaka likamuua.

Alikubali kusimulia kwa sharti moja, asijulikane. Watu wa kiwanda walikwisha kumpitia nyumbani. Walikaa kwenye makochi yake kwa adabu zote, wakaulizia hali, kisha wakamwuliza kama mwanawe mkubwa, aliyekuwa mpakiaji palepale kiwandani, anaipenda kazi yake. Mama wa watu akaelewa.

Kumficha mtu kwenye filamu si jambo gumu. Unaweza kumweka kizani, au ukamtia ukungu usoni. Mwongozaji wa filamu yetu, mama mmoja mkali mwenye sauti ya chini, hakutaka hayo. Alisema mtu mwenye ukungu usoni anaonekana mhalifu, na hakuna anayemlilia mhalifu. Akataka tuazime uso. Unamtafuta mtu mwingine aliye tayari, unamkalisha katikati ya duara la kamera, unamwambia acheke, anune, akunje paji, atamke maneno ya kila namna. Kompyuta inajifunza ule uso, na fundi anauvika juu ya uso wa shahidi, picha baada ya picha. Macho yanatazama alikotazama shahidi, midomo inasema alichosema shahidi, machozi yanashuka pale shahidi alipolia. Watazamaji wanaambiwa mwanzoni kabisa kwamba uso ni wa kuazima, kwa hiyo hakuna anayedanganywa.

Tulihitaji mwanamke wa makamo, mwenye mashavu mapana. Nilikuwa namjua mmoja.

Dada alikuwa msusi. Alikuja studio siku ambayo saluni ilikuwa imefungwa, amejipamba kama anakwenda harusini, tukamwambia afute vyote. Alinuna, na kamera zikapata ule mnuno, ukawa wa kwanza kurekodiwa. Alipoambiwa acheke alicheka mpaka wapiga picha nao wakacheka. Alipoambiwa alie, akashindwa.

"Nilie kwa nini, nimefiwa?" akasema. "Kulia kwa oda mimi sijui."

"Fikiria kitu cha kuhuzunisha," mwongozaji akamwambia kupitia kipaza sauti.

Akafikiri. Akanitafuta kwa macho nyuma ya kioo. "Haya, namfikiria huyu mdogo wangu, umri wote huo na hajapata hata wa kumfulia shati," akasema, na hapo akaangua kicheko kipya. Machozi hatukupata. Ya shahidi yalitosha.

Wiki chache baadaye mshipa ulimpasukia kichwani akiwa saluni, amesimama nyuma ya mteja na kitana mkononi. Alifika hospitali bado anapumua. Mama aliwahi. Mimi nilikuwa studio, simu nimeizima, kwa sababu nilikuwa nahangaika na kope zake.

Tulizika, na muda si muda nikarudi kazini. Mwongozaji alitaka kumpa kazi ile fundi mwingine. Nilimkatalia, tena kwa ukali ambao hakuustahili. Watu wakasema nimejikaza. Sikujikaza lolote. Kwenye skrini yangu Dada alikuwapo, amekaa karibu na dirisha, amefungwa kitambaa cha kijani cha shahidi, anapepesa macho. Nilimfikisha mahali akawa anavuta pumzi kidogo kabla ya neno zito. Wengine waliomboleza, mimi nilimkuta kazini kila asubuhi. Kwangu alikuwa hajafa, alikuwa na filamu ya kumaliza.

Mama naye alikuwa na njaa yake. Albamu ilijaa picha za Dada, lakini alilalamika kwamba picha hazipepesi macho. Nikamwonyesha kwenye simu zile rekodi za studio. Dada anatoa ulimi, Dada anajaza upepo mashavuni, Dada anasema a, e, i, o, u kama mtoto wa chekechea. Mama akanirudishia simu kabla rekodi hazijafika katikati.

"Huyu anafanya mchezo," akasema. "Mimi nataka kumwona amekaa, anaongea na watu."

Nikamwambia kwenye filamu amekaa na anaongea. Nikamweleza kuwa sauti ni ya mwingine na msiba unaosimuliwa ni wa mwingine. Akasema anaelewa, haidhuru. Kuanzia siku hiyo akawa anauliza filamu inatoka lini. Akashonesha gauni. Akawaarifu shangazi na mama wadogo wajiandae, kwamba mwanawe ataonekana. Kila aliyeambiwa alinipigia simu kunipongeza, na mimi nilipokea zile pongezi.

Kabla filamu haijafungwa, kila shahidi lazima aitazame na akubali mwenyewe jinsi alivyoonyeshwa. Ndivyo tunavyofanya, na ni utaratibu mzuri mpaka siku unapokugeukia. Mwongozaji alimpelekea shahidi wetu filamu nyumbani kwake. Aliporudi alikuja moja kwa moja chumbani kwangu, akakaa.

"Amekataa," akasema.

"Amekataa nini?"

"Uso. Anasema atatoka na wake."

Nilisema maneno mengi. Nilitaja usalama, nikataja kiwanda, nikamtaja yule mwana mkubwa. Mwongozaji alinisikiliza mpaka nikaishiwa. Kisha akaniambia mwana mkubwa ameshaacha kazi ile na kuhamia mbali, na mwanasheria amekaa na yule mama, akamweleza kila hatari moja baada ya nyingine, naye hakuyumba hata kidogo.

"Na uso ni wake," akamalizia. "Kuutoa huu mwingine kutachukua muda gani?"

"Wiki mbili," nikasema. "Labda tatu."

Mtu asiye wa kazi hii hawezi kuujua uongo huo ulivyokuwa mkubwa. Kuvika uso kunachukua miezi. Kuuvua hakuchukui kitu. Uso umelazwa juu ya picha, na pembeni mwa skrini kuna kisanduku kidogo chenye tiki. Ukiondoa tiki, uso umeondoka, na chini yake yule mtu mwenyewe yupo vilevile kamera ilivyomkuta. Mwongozaji alianzia kwenye uhariri, kisanduku kile anakijua kuliko mimi. Alinitazama kidogo.

"Sawa," akasema. "Wiki tatu." Akatoka na kuufunga mlango taratibu.

Basi nikakaa na Dada. Nilifika asubuhi, nikawasha mashine, nikamtazama akisimulia. Kuna siku nilishinda namnyoosha unywele mmoja uliokuwa umemkalia vibaya sikioni, mtu mzima na akili zangu, natengeneza kitu kinachokwenda kutupwa. Mama akipiga simu namwambia filamu inakwenda vizuri. Na yule shahidi nilimkasirikia, tena sana. Nilimwona hana shukrani. Dada yangu amemwazima uso wake, ameondoka duniani bila kuudai, na yeye anaurudisha kama sahani ya jirani, tena haijaoshwa.

Kabla wiki zangu za uongo hazijaisha, alikuja mwenyewe. Mwongozaji alifungua mlango, akasema, "Kuna mgeni wako, anataka kumwona fundi," akatuacha.

Alikuwa mfupi kuliko nilivyomdhania. Nilimjua kila mkunjo wa uso. Nilijua nyusi ipi hutangulia kupanda akishtuka, na upande gani wa mdomo huanza kutetemeka. Yeye hakuwa amenitia machoni hata mara moja. Nilimpisha kiti nikajikuta namkodolea mdomo.

"Kumbe ndiye wewe uliyenifanya mrembo," akasema.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Kazi ni nzuri, mwanangu, sikatai. Nilishangaa mpaka nikasahau kulia. Ila umeniziba pengo."

Akafungua mdomo kunionyesha. Katikati ya meno yake ya mbele palikuwa na mwanya mpana. Niliukumbuka vizuri. Meno ya Dada yalikuwa yamebanana, kwa hiyo kila shahidi alipofungua kinywa ilinibidi niuzibe ule mwanya, neno kwa neno, na ndiyo sehemu ya kazi niliyojivunia kupita zote.

"Mwanangu alikuwa nalo," akasema. "Hapahapa. Na paji hili, na masikio haya yaliyosimama. Wasiomjua walikuwa wakikutana naye njiani wanamwambia, wewe mama yako namjua. Picha zake zilikuwa kwenye simu, simu ikaingia maji, sina hata moja. Nikitaka kumwona najitazama kwenye kioo. Sasa siku ile nimekaa naangalia filamu, naona mama wa watu analia. Analia kweli, nikamwonea huruma. Lakini mtoto si wake."

Nikajaribu tena wimbo wangu wa usalama. "Mama, wale watu wa kiwandani..."

"Wale wananijua," akanikatiza. "Walishakaa kwenye makochi yangu. Nataka nionwe na wasionijua."

Akasogea karibu na skrini, akamwangalia Dada, ambaye nilikuwa nimemsimamisha katikati ya sentensi.

"Ni nani huyu? Nimshukuru kabla hujamtoa."

"Ni dada yangu."

"Yuko wapi?"

Tangu tuzike, hakuna aliyekuwa ameniuliza swali hilo. Waliotujua walijua. Nikafungua mdomo kusema yuko saluni, na nusura niseme.

"Alifariki," nikasema. "Baada ya kupigwa hizi picha. Na mama yangu anasubiri kumwona kwenye filamu, ameshashonesha mpaka gauni."

Hilo la Mama nililiongeza makusudi. Nilitaka limuume, na likamuuma. Aliweka mkoba wake chini, akakaa tena.

"Pole, baba," akasema. "Pole sana. Aliacha watoto?"

"Hapana. Aliniacha mimi."

Akatikisa kichwa. Tulikaa pale, watu wawili tusiojuana, na Dada mbele yetu mdomo nusu wazi. Kisha yule mama akaongea haraka haraka, kama anayeogopa atabadili mawazo.

"Basi mwache. Nitatoka naye. Mama yako amwone mwanawe, mimi kioo ninacho."

Nilikuwa nimeshinda. Lile nililoliombea wiki zote hizo nilikuwa nimewekewa mkononi, na hakuna ambaye angenilaumu. Mama angevaa gauni lake. Shangazi wangekaa mstari wa mbele. Nikamtazama yule mama nimshukuru, nikaona ameufunika mdomo kwa kiganja. Alikuwa anajizoeza. Alikuwa ameanza kuliziba pengo mwenyewe, palepale mbele yangu, kwa ajili ya mtoto wa mwingine.

Sikuweza kulivumilia hilo. Ningependa kusema nilifanya kwa wema, lakini ilikuwa ni aibu, aibu iliyonipanda mpaka masikioni. Nikamwambia amtazame Dada mara moja ya mwisho, nikaianzisha filamu. Dada akasimulia habari za kiwanda, za zamu, za nguo za kazi. Ikasikika sauti ya mwongozaji ikimwuliza, "Mtoto mwenyewe alikuwa mtu wa namna gani?" Dada akainua uso kulisikiliza swali. Hapo nikasimamisha, nikaondoa tiki.

Ilikuwa kama nilivyosema, haikuchukua kitu. Nikaacha filamu iendelee. Karibu na dirisha alikuwa amekaa mwanamke mwenye paji pana na masikio yaliyosimama, akafungua mdomo kujibu, na pengo likaonekana. Aliyekuwa pembeni yangu aliinama mpaka pumzi yake ikafanya ukungu kwenye kioo cha skrini. Hakuwa anajiangalia yeye.

"Huyo," akasema kwa sauti ndogo. "Huyo hapo."

Jioni ileile nilikwenda kwa Mama. Nilimkuta sebuleni anakaza vifungo vya gauni, kwa kuwa hajawahi kumwamini fundi cherehani yeyote. Sikutaka kuzunguka.

"Mama, Dada hayumo."

"Hayumo wapi?"

"Kwenye filamu. Mwenye maneno ameamua kutoka na uso wake. Alifanana na mtoto wake aliyekufa, na hana picha yake hata moja."

Sindano ikasimama. "Nani amemtoa?"

"Mimi."

Nilitegemea anifokee, na ningefurahi angenifokea. Alichoma sindano kwenye mkono wa gauni, akaliweka kando. Nikaanza kubabaika. Nikamwambia ile ya zamani bado iko kwenye mashine, naweza kumnakilia kimyakimya, akaiangalia humu ndani peke yake, hakuna atakayejua.

"Nimfungie mwanangu humu ndani anamlilia mtoto wa mwenzangu, na mwenye mtoto amesema hataki?" Mama akaniuliza. "Hapana. Usinifanyie hivyo."

"Mama, ulimsubiri sana."

"Nilimsubiri." Akafuta macho kwa upande wa kanga. Kisha akauliza jambo ambalo sikulitarajia.

"Ulipomtoa, alikuwa anafanya nini?"

"Alikuwa ameulizwa swali. Aliinua uso, anasikiliza."

"Akajibu?"

"Hapana. Nilimtoa kabla hajajibu."

Mama aliitikia kwa kichwa polepole, kama mtu anayesikia habari anazozijua.

"Na mimi nilimwuliza," akasema. "Pale hospitali. Nilimwuliza kama anataka maji. Akanigeuzia uso hivi, ananisikiliza kabisa, macho yake kwangu. Nikageuka kuchukua kikombe." Akaonyesha kwa mkono, umbali mdogo tu, wa kutoka kochini mpaka mezani. "Mpaka leo sijui kama aliyataka."

Nikamwambia, "Mama, Dada amekufa," kana kwamba ndiyo habari niliyokuwa nimetumwa kumletea, na kilio nilichokikosa makaburini kikanitoka chote. Mama alinisogezea kichwa kwenye bega lake.

"Ndiyo, mwanangu," akasema. "Amekufa."